Jina Lililokosekana Daftarini

Shangazi yangu hatarizi jina asilojua maana yake. Chumba chake cha kazi kinatazamana na geti la wodi ya wazazi: meza moja, cherehani moja, na dirisha pana ambapo kina baba huingiza vichwa wakiwa na furaha mdomoni na usingizi machoni. Wanataka shali ya mtoto yenye jina, tena upesi. Yeye kwanza huuliza, "Maana yake nini?" Asipojibiwa, uzi hauingii kwenye sindano. Wateja humwita Hakimu, nami nilishamwambia kwamba iko siku tutalala njaa tukiwa na maana tele.

Majibu huyaandika kwenye daftari. Humo wamo watu wanaomwita mtoto kwa siku aliyozaliwa, wengine wanaompa jina la babu angali hai, na mama mmoja wa nchi za baridi ambaye jina la mwanawe, kwa lugha ya kwao, ni dubu. Shangazi alimtarizia dubu huyo kwa adabu zote, kisha akataka kujua akiota meno itakuwaje. Wapo waliozaliwa njiani, waliozaliwa mvuani, na mtoto wa saba ambaye jina lake lina maana ya "sasa basi". Baada yake walifuata wengine wawili.

Mimi nilianza kumsaidia kazi nikiwa na mimba yangu ya kwanza, na mwaka huo ndipo alipokuja dereva mmoja wa lori. Alibeba kichanga cha siku nne ndani ya taulo, na kipande cha karatasi chenye jina. Nesi aliyemsindikiza alitunong'oneza kwamba jina hilo alilichagua mke wake, mgeni wa kutoka mbali, na kwamba mke mwenyewe hakutoka wodini akiwa hai.

Shangazi akauliza swali lake kabla hajajizuia. Yule baba akafungua mdomo, akaufunga. Tulipekua daftari lote, jina halimo. Shangazi akamtazama mtu yule, akamtazama mtoto, akasema bila kupepesa macho, "Nimelikumbuka. Maana yake ni 'nimekuachia wewe'."

Hakukumbuka lolote. Alilitarizi kwa uzi wa kijani kwenye shali ya njano, na baba akaondoka amemkumbatia mwanawe. Nilipogeuka kumtazama, Shangazi alinionya nisithubutu kufungua kinywa. Daftarini aliliandika jina, mahali pa maana akapaacha wazi.

Kumbe dereva mwenyewe alikuwa wa mtaa wa pili tu. Tulizoea kumwona akipita na mtoto kifuani, baadaye kamshika mkono, baadaye yeye ndiye anayeachwa nyuma akihema. Binti yule hakuweza kujitambulisha kwa mtu bila kueleza maana ya jina lake, na kila alipoeleza Shangazi alishikwa na kikohozi. Mimi nilimpenda zaidi kwa uongo ule, nasema wazi, lakini yeye ulimkosesha raha miaka ishirini.

Mwaka jana binti alikuja kutuaga. Ndugu za mama yake walikuwa wamepatikana, naye anakwenda kuwaona. Alipotoka, Shangazi alikaa ameshika sindano tupu. Akifika kule na maana ile watamcheka, alisema, na baba yake atajua kwamba alidanganywa siku ya msiba wake. Njia ya mwongo ni fupi. Ya kwake ilikuwa ndefu mpaka akadhani haina mwisho. Basi akapiga moyo konde, akamfuata binti stendi, akamweleza yote. Binti alimsikiliza, akamshukuru, akapanda basi.

Wiki tatu binti alizokuwa safarini, Shangazi alifumua zaidi ya alivyotarizi. Kuna pacha alipewa shali ya mwenzake, na mama yao akatuambia tusihangaike, hata yeye huwachanganya.

Siku binti aliporudi alikuja moja kwa moja dirishani, shali ya njano mkononi. Jina lake, alituambia, maana yake ni aliyezaliwa siku ya gulio. Kule halina ajabu: bibi yake alipomwita kutoka jikoni, waliitika watatu. Shangazi hakucheka. Aliuliza kwa sauti ndogo kama baba yake ameambiwa.

"Baba alikuwa anajua, Bibi. Mama alimwambia siku ileile niliyozaliwa."

"Sasa mbona hakunijibu?"

"Alishindwa kuongea. Alikuwa ananipeleka kwa dada yake nikalelewe huko, walishakubaliana. Alitaka shali tu ya kunifunika njiani. Uliposema vile, hakwenda tena stendi. Akanirudisha nyumbani."

Shangazi akavua miwani akalia, mbele ya wateja wawili waliokuwa na haraka zao, wala hakuna aliyethubutu kumharakisha. Kisha akavuta daftari, akaitafuta ile nafasi ya miaka ishirini, akaandika: siku ya gulio. Binti akamuuliza kama ile nyingine haiandiki.

"Ile nilishaitarizi," akasema, akinyoosha mkono. "Lete hiyo shali, herufi ya mwisho imeanza kufumuka."