Skrubu Iliyodondoka Ndani ya Setilaiti

Naikumbuka, mwanangu, siku ambayo skrubu ndogo kama punje ya mtama iliniponyoka mkononi. Nilikuwa binti wa kijiji cha Kamanga, kando ya ziwa, aliyepelekwa na masomo mpaka Ulaya, fundi mgeni katika kiwanda kilichokuwa kikiunda setilaiti ya kampuni moja ya simu na televisheni. Tulifanya kazi katika ukumbi usioingia vumbi, nguo nyeupe mpaka kichwani. Kazi yangu ilikuwa kufunga vibanio vya nyaya. Nilitaka waone kwamba hata sisi tunaweza, nikaharakisha. Na haraka haraka, unajua mwenyewe, haina baraka.

Skrubu ilidondoka ndani. Nikamulika tochi, sikuiona. Nikachukua nyingine, nikafunga, nikanyamaza. Niliogopa kurudishwa nyumbani.

Siku tatu zilipita. Jumapili nikampigia simu baba yangu, fundi mitumbwi, ambaye kila wiki alivuka kwa feri mpaka dukani kwa shangazi, mtaa wa Mabatini mjini, ili aongee nami. Nikamwamkia, akaitikia, akauliza mbona sauti yangu imepungua. Nikamweleza yote.

“Mama,” akasema, maana nimerithi jina la mama yake, “mtumbwi ukivuja tunauvuta ufukweni, tunaziba. Hicho chenu kikishapanda, nani atakivuta?”

Akanikumbusha kwamba mficha maradhi kifo humuumbua, akaniagiza niende kusema kesho yake asubuhi, nisingoje kuulizwa.

Nilikwenda. Msimamizi wetu, mzee wa maneno machache, hakunigombeza. Alisimamisha kazi ya watu wote, na hilo liliniuma kuliko matusi. Tulifungua, tukatafuta siku mbili, tukaikuta imenasa karibu na viungio vya umeme. Mtikisiko wa roketi ungeisogeza kidogo tu, na setilaiti ingeungua.

Nilipewa onyo, na kwa miezi kadhaa sikushika bisibisi bila mtu kusimama pembeni. Nilistahili. Lakini siku ya kurushwa, tulipokuwa tumekusanyika mbele ya televisheni ya kiwandani, ikatangazwa kwamba setilaiti imeachana salama na roketi na inaitikia mawasiliano. Msimamizi alinipa mkono mimi kabla ya wengine. Nililia, na sioni haya kukuambia.

Sasa nimestaafu, nafuga kuku wangu hapa Mkolani, na usingizi ninaupata. Wewe, mtoto wa jirani yangu, ndiyo kwanza unaanza kazi. Utakosea, mwanangu, hakuna mkono usioteleza. Ukikosea, mwambie anayehusika mapema, hata kama unaogopa; usiwaachie wenzako hatari unayoijua peke yako. Na ukija kuwa mkubwa wa kazi, anayekuja kukiri msikilize kwanza, ili wa pili naye asiogope kuja.

Mungu aibariki mikono yako, akupe moyo usio na cha kuficha, na wazazi wako waishi waone kazi yako ikisimama.