Dunia Iliyo Ndani ya Simu ya Amiri

"Mjane wa kaka yako anajenga nyumba na mwanaume."

Mama Loveness aliyasema hayo bombani kabla hata marahaba yake haijamtoka vizuri. Hidaya alikuwa amemwamkia tu, kama anavyomwamkia kila asubuhi, mtoto mgongoni na ndoo mkononi. Mama Loveness si mtu wa kujibiwa haraka. Ukimjibu, jibu lako linafika sokoni Lukozi kabla yako.

"Mimi sisemi kitu," mama yule aliendelea, akisukuma ndoo yake chini ya maji. "Mimi nimesikia tu. Jana mchana napalilia karoti zangu pale chini ya dirisha lenu, nikasikia mwanaume anasema leta milango, mimi namalizia paa. Naye anacheka! Mwenzetu yuko eda, anacheka na kuezeka."

"Labda ilikuwa redio, mama."

"Redio inamwita mtu Saumu?" Akajitwisha ndoo, maji yakamwagika begani, wala hakujali. "Kiwanja wamepata wapi, hilo sijui. Usije ukasema nimesema mimi."

Hidaya alipofika nyumbani, habari ilikuwa imeshamtangulia. Mama yake, Bi Mwanamisi, alikuwa amekaa jikoni mbele ya chungu cha pure, mahindi na maharage yanachemka, lakini mwiko ulikuwa mkononi umekauka.

"Nenda kaniletee hiyo simu aliyonayo Saumu," alisema. "Ijumaa baba yako mdogo Omari anakuja kukusanya vitu vya marehemu. Simu ni kitu cha marehemu. Ataipeleka kwa fundi aifute, ampe mwanawe. Na iondoke leo, kabla haijatuvua nguo mbele za watu."

Vitu vya marehemu vilikuwa vimeshawekwa pembeni ya ukuta: msumeno wa injini, koti la mvua, kofia. Havikuwa vyote. Mabuti ya kaka yake, Amiri, yalikuwa chini ya kitanda cha Bi Mwanamisi, yamesukumwa mpaka ukutani. Hidaya aliyaona alipokuwa akifagia, akafagia pembeni yake, akayaacha hapo hapo.

Saumu hakuzaliwa kwenye baridi. Kwao ni Magoma, chini kabisa milima inapoishia, kwenye joto. Amiri alimkuta huko alipopeleka mbao, akarudi kumposa, akamleta huku juu mwezi wa sita. Mpaka leo watu wanasimulia bibi harusi aliyeingia kijijini kajifunga mablanketi mawili. Alikuwa mpole, mwenye mikono myepesi ya kushona, lakini Kishambaa kilimpiga chenga. Wanawake wakikaa jikoni wakaanza kuchekeshana kwa lugha yao, yeye alitabasamu baada ya wenzake, kama mtu anayefuata nyuma ya msafara. Hidaya alikuwa akiliona hilo. Hakuna aliyemwonea Saumu. Ila hakuna pia aliyegeuka kumweleza walichokuwa wakicheka.

Amiri naye aliliona, maana ndiye aliyenunua simu yenye kioo kipana ili mkewe aongee na wenzake aliosoma nao. Walikuwa wawili: Rahabu, aliyekuwa akiuza machungwa na viungo sokoni Muheza, na Kristofa, aliyepata kazi kwenye chai huko Mponde.

Kisha mkaratusi ukamgeukia Amiri upande ambao hakuutegemea. Alikuwa amekata miti tangu ujana wake, na ule mmoja tu ndio ulimgeukia.

Wanaume walimbeba kwenda kumzika nyuma ya msikiti, wanawake wakabaki nyumbani, ndivyo ilivyo. Saumu aliliona jeneza likipita mlangoni, na tangu hapo akawa mtu wa chumba kile. Miezi minne na siku kumi mwanamke aliyefiwa na mume hatoki bila la lazima, hajipambi, hazungumzi habari za kuolewa. Hidaya, aliyeolewa kitongoji cha chini, aliombwa arudi kwao kwa muda awe miguu ya wifi yake. Kila siku alipeleka maji, akatoa beseni, akafunga mlango. Kila alipoufunga alilisikia komeo linavyolia, akajiuliza linasikikaje kwa aliye ndani.

Siku hiyo umeme ulikuwa umekatika tangu alfajiri, nguzo imelala huko chini barabarani. Ukungu ulikuwa umeshuka mpaka uani, hata choo hakionekani. Hidaya alisimama nje ya mlango wa Saumu, mkono tayari kubisha, akasikia.

"Nani kaniachia kondoo sebuleni?" ilisema sauti nzito ya kiume.

"Kaja mwenyewe. Kamwona ndugu yake," sauti ya kike ikajibu.

"Rahabu, nitakufukia kwenye shimo."

"Shimo lenyewe nimechimba mimi! Saumu, leta milango bwana, jua linazama humu, mazimwi yanatoka saa hizi hizi."

Na Saumu akacheka.

Hidaya hakuwa amekisikia kicheko kile tangu msiba. Kilimchoma. Kaka yake yuko chini ya udongo wa baridi, na humu ndani watu wanagombania kondoo. Alifungua mlango bila hodi.

Saumu alikuwa juu ya kitanda, kajifunga shuka lake jeupe, kajibana pembeni ya dirisha ambako ndiko tu mtandao ulikokuwa ukishika. Pazia limefungwa. Aliipindua simu mapajani.

"Ni nani huyo mwanaume, wifi?"

Kabla Saumu hajafumbua mdomo, simu yenyewe ilijibu kutoka kwenye mapaja yake: "Shikamoo, dada Hidaya."

Hidaya hakuwa ameamkiwa na mwanaume mzima maishani mwake. "Marahaba," ikamtoka, kisha akaona aibu.

"Ni Kristofa," Saumu alisema kwa sauti ya chini. "Aliyekuja msibani na majani ya chai. Zamu ilimshika, akakuta mmeshazika, akakaa kidogo akaondoka. Wewe ndiye uliyempa kiti."

"Kiti chenye mguu mmoja mfupi," simu ikasema. "Nilikaa nacho kwa adabu."

"Kristofa, kata simu!" Rahabu alimkemea. "Humsikii mwenzio anavyopumua? Saumu, tupo, mama. Ukituhitaji tupo."

Wakakata. Mtoto mgongoni mwa Hidaya akaanza kunyoosha mkono kuitaka ile simu.

"Mama anaitaka simu," Hidaya alisema.

"Najua."

"Unajuaje?"

"Nakaa hapa mchana kutwa, wifi. Najua kuku wa nani ametaga. Mama Loveness akipalilia anaongea na karoti zake." Alijaribu kutabasamu, ikashindikana. "Amesema najenga nyumba. Hajasema uongo. Kaa, uione, kisha uichukue."

Hidaya hakutaka kukaa. Alikaa kwa sababu mtoto alikuwa mzito.

Saumu akaigeuza simu. Kulikuwa na milima humo. Kulikuwa na miti, mto, ng'ombe, vyote vimekatwa mapande mapande kama matofali mabichi. "Ni gemu," alisema. "Unapewa nchi tupu. Unavunja, unabeba, unajenga unachotaka. Hakuna mshindi. Wenzio wanaingia humo humo kwa simu zao, kila mmoja na mtu wake, mnajenga huku mnaongea." Kidole chake kilisogea, na mtu mdogo mwenye koti jekundu akaanza kutembea njiani.

Hidaya aliitambua njia ya kijijini kwao kabla hajaambiwa. Ilipinda pale inapopinda. Ilipita bombani. Juu yake kulikuwa na matuta, na nyumba yenye madirisha kila upande.

"Hiyo ya nani?"

"Ya Mama Loveness. Kristofa alisema dirisha moja halimtoshi."

Kicheko kilimtoka Hidaya puani. Akakizuia kwa ncha ya kanga.

"Sisi tulikuwa na mtu mmoja tu, huyu," Saumu aliendelea. "Simu moja, tukabadilishana. Mchana wangu, jioni akitoka kazini wake. Basi tukiingia, wenzetu wanauliza: leo nani? Siku ya kwanza nilipoingia baada ya msiba, Rahabu akauliza vile vile, kwa mazoea tu. Leo nani? Kisha akashtuka, akakata. Alipiga baadaye analia, ikabidi mimi ndiye nimbembeleze."

Mtu wa koti jekundu alipanda mlima mpaka penye mti mmoja. Hidaya alisogeza uso. Mti ule haukuwa na shina. Majani na matawi yalikuwa yameelea hewani, chini yake nyasi tupu.

"Huu aliukata kaka yako siku yake ya kwanza," Saumu alisema. "Alikuwa akinicheka, mwanamke mzima unacheza na matofali. Nikampa simu. Akaenda moja kwa moja kwenye mti, kazi yake si ndiyo hiyo? Akaukata shina. Kisha akairusha simu, akaruka pale mlangoni! Akakimbia, wifi. Wenzake wanamcheka huko kwenye simu, yeye kasimama mlangoni anaungojea uanguke."

"Na haukuanguka?"

"Humu mti hauangukii mtu. Unakata chini, juu unabaki hapo hapo. Akarudi, akauangalia sana. Akasema, kumbe huku kazi yangu ni ya raha. Hatujaugusa tena."

Hidaya aliyatazama majani yale yaliyoning'inia bila kitu. Mtoto alikuwa ameshashika ukingo wa simu, na Saumu alimwachia.

"Si uwape wao hiyo nchi waitunze?" Hidaya aliuliza hatimaye. "Huyo Rahabu, huyo Kristofa. Si na wao wanayo kwenye simu zao?"

"Hawana. Wao wanaingia tu. Nchi yenyewe iko ndani ya simu hii, nikiifungua mimi ndio wanapata njia. Baba mdogo akiifuta, wao wako nje, mimi niko ndani hapa, na huu mti haupo." Aliyasema polepole, bila kulia, kama mtu anayehesabu nguo za kufua. "Humu ndimo ninamotoka, wifi. Naenda bombani, napita sokoni, narudi. Nimefika mpaka kwetu Magoma, nimepachimba mwenyewe. Sijamtamani mwanaume. Nimetamani njia."

Hidaya akakumbuka komeo la mlango linavyolia.

"Hidaya!" Bi Mwanamisi aliita kutoka jikoni. "Umeichukua?"

Wanawake wale wawili walitazamana. Saumu alipangusa kioo kwa shuka lake, akamnyooshea Hidaya simu, mkono wake umetulia kabisa. Hidaya aliiona ile simu, akaona na mkono wenyewe, kucha zimekatwa fupi, hazina hina. Akasikia mdomo wake unasema, kwa sauti ya kufika jikoni:

"Bado, mama! Inachaji!"

Neno lilipokwisha kutoka ndipo alipokumbuka umeme. Nyumba nzima ilikuwa giza tangu alfajiri. Waya wa chaji ulining'inia ukutani, haujachomekwa popote.

Mwiko ukagonga ukingo wa chungu, ukanyamaza, ukagonga tena. Hidaya alingoja hatua za mama yake zije mlangoni. Hazikuja.

"Haya," Bi Mwanamisi alisema, na sauti yake ilikuwa imepungua. "Ikijaa, utaniletea."

Saumu hakushukuru. Aliirudisha simu dirishani, akamwongoza yule mtu wa koti jekundu kushuka mlima, haraka haraka sasa, maana chaji ilikuwa inakwisha kweli. Akapita nyumba ya Mama Loveness. Akapita msikiti wenye mnara mfupi. Nyuma ya msikiti njia ikakatika. Mbele kulikuwa na nyasi tupu, hakuna nyumba, hakuna ua, hakuna jiwe. Yule mtu akasimama ukingoni, na Saumu hakumsogeza tena.

"Hapa ndipo ninapoishia kila siku," alisema. "Kristofa alitaka tuweke kaburi, atachagua mahali pazuri, juu kilimani. Nikakataa. Sitaki la kubuni. Mimi nililetwa hapa kuolewa, huko nyuma ya msikiti sijawahi kufika, na sasa mlangoni tu siruhusiwi."

"Hata mimi sijafika," Hidaya alisema. Ilikuwa mara ya kwanza kulisema hilo kwa sauti.

"Lakini wewe unaweza kwenda. Simu mtachukua, sigombani. Ila kabla ya Ijumaa, ukungu ukiondoka, nenda wifi. Nenda uniangalie yuko wapi. Ni kwenye mteremko au tambarare, jirani yake kuna nini, udongo wake una rangi gani. Usije na maneno ya kunifariji, njoo na palivyo tu, nipaweke. Na ukishamaliza kuangalia, simama pale pale alipo, geuka, uangalie na dirisha langu hili kama linaonekana."