Pasaka Ambazo Mdogo Wangu Hakuja

Mdogo wangu wa kiume anauza vipuri vya pikipiki Mbalizi, nje ya mji wa Mbeya. Zamani kila Ijumaa Kuu alifika kwa mama, kijijini nje kidogo ya mji wa Iringa, na mchele alionunua njiani Chimala. Jumapili, kabla hakujapambazuka, tulikwenda makaburini na usharika mzima wa kanisa letu. Tulivaa masweta, tukashika mishumaa, tukaimba mpaka jua linachomoza. Mama aliweka maua kwenye kaburi la baba, akaongea naye Kihehe kwa sauti ya chini.

Kisha mdogo wangu akahamia kanisa jingine. Mwaka ule alikuja mikono mitupu. Wakati wa chai akatueleza kwamba Pasaka ni sikukuu ya kipagani: jina lake la Kiingereza ni la mungu wa kike wa Wazungu wa kale, na mayai na sungura vilitoka hukohuko. Nikamjibu kuwa sisi hatutumii jina hilo. Neno letu, Pasaka, limetoka kwa Wayahudi, na Yesu mwenyewe aliila. Sungura kwetu ni kitoweo. Akasema hata kwenda kuimba makaburini ni kuabudu mizimu. Tukabishana mpaka chai ikapoa.

Mama alisikiliza mpaka mwisho.

"Mwanangu," akasema, "huyo mungu wa kike simjui. Mimi naenda kumsalimia baba yako, nimwambie Bwana amefufuka."

Mdogo wangu akaondoka mchana uleule. Hakuja Pasaka iliyofuata, wala iliyofuata hiyo. Siku za kawaida alipiga simu, na dawa za presha za mama alizituma yeye. Hakuwa mtoto mbaya. Ila kila Ijumaa Kuu mama alimtandikia kitanda, kisha akakaa kibarazani kwenye baridi akitazama njia, nami nilishindwa kumwambia aingie ndani.

Mama alifariki wakati wa Kwaresima, mvua zikiwa zimeshika kasi. Mdogo wangu alikuja kuzika. Alishika koleo akafukia, hakumwachia mtu. Nilidhani atabaki, maana Pasaka ilikuwa imekaribia. Akaniaga.

Jumapili ya Pasaka nilikwenda makaburini na usharika, wa nyumba yetu nikiwa peke yangu. Mchungaji alisoma habari za wanawake waliokwenda kaburini alfajiri. Udongo wa kaburi la mama ulikuwa bado mbichi, mvua imeuchimba. Niliimba ubeti mmoja, kisha nikainama kuusawazisha kwa mikono. Jirani yetu akanishikia mshumaa.

Jioni mdogo wangu akapiga simu. Hakutaja sikukuu, nami sikuitaja. Akauliza, "Dada, mama aliondoka akiwa amenikasirikia?"

Nilimwambia hapana, na ni kweli. Sikumwambia kwamba siku zake za mwisho mama alikuwa akiniuliza kama basi la Mbeya limeshafika. Tukaongea habari za mahindi ya mama yaliyobaki shambani, nani atayavuna, mpaka salio likaisha.