Mwili wa Mwanamke Mwingine

Mübeccel alibisha kwa shangazi yake, mjini Turgutlu, mkononi ameshika boksi la peremende za lokumu. Mlango haukufunguliwa.

"Rudi kwenu Istanbul," Shangazi Halime alisema kutoka ndani. "Mji mzima umekuona uchi pale sinema ya Bahar."

"Mimi, Shangazi? Nilicheza mtumishi. Nimejifunga mtandio, napika supu."

"Supu wameiona. Na baada ya supu wameona mengine."

Ni Halime aliyemlea. Mübeccel hakuwa na mlango mwingine wa kurudia.

Kwa miaka ishirini Mübeccel alikuwa ameigiza kwenye filamu mabinti vipofu na wake waliosingiziwa. Sauti haikuwa yake. Studio ilimbandika ya mwanamke mwingine, kama ilivyowafanyia wote, naye akazoea. Siku zile Bahar ilijaa kina mama na watoto wao, mito ya kukalia, mbegu za alizeti, na leso za kulilia. Watu walitoka wakiwa na macho mekundu, wakasalimiana.

Alikwenda Bahar kujionea. Sasa ndani mlinuka mkojo na sigara. Wanaume tu, kila mmoja ameacha kiti kati yake na mwenzake. Mübeccel alisimama nyuma, akajiona anakoroga supu. Ghafla picha ikaruka, rangi ikageuka, na mgongo mweupe wa mwanamke asiyemjua ukatanda juu ya kitanda. Miluzi ikapigwa. Kisha supu tena.

Alipanda chumba cha mashine. Rıfkı, mwendesha mashine aliyezoea kumpokea kwa maua, alikuwa anakunywa chai.

"Dada Mübeccel. Karibu chai."

"Yule ni nani?"

"Sijui. Mzungu fulani. Hicho kipande ninacho siku nyingi, nakichomeka popote."

"Na popote pakawa kwangu."

"Supu ilikuwa ndefu, dada. Wanachoka."

"Kitoe."

"Nikikitoa watavunja viti, na tajiri atanitimua."

"Basi nitoe mimi."

Rıfkı akacheka. "Na supu ataipika nani?"

Lakini alipoona hacheki, akampa mkasi, akamwonyesha pa kukata. Mübeccel akaukata uso wake wote kwenye filamu ile, akauviringisha mkononi. Angempelekea Halime, aone mtandio kwa macho yake. Angemwambia, simo tena mle.

Onyesho lililofuata alilitazama akiwa kwenye giza la ngazi. Supu haikuwapo, wala hakuna aliyeiulizia. Mwanamke wa kitandani akatokea, miluzi ikapigwa palepale.

Mzee mmoja, karibu na ngazi, akamgusa mwenzake bega.

"Unamwona huyo? Ndiye Mübeccel. Binti wa hapahapa, mpwa wa Halime."

"Kanenepa," mwenzake akasema, akatema ganda la alizeti. Likamwangukia Mübeccel kwenye kiatu, limelowa mate.