Muziki wa Sinema ya Pamba

Mtu anayetazama pamba ikipaliliwa anahitaji muziki wa nini? Nilimwuliza kaka yangu swali hilo katika likizo yangu ya kwanza kutoka chuo kikuu, nikidhani nimembana. Alicheka. "Jibu wewe, msomi."

Kaka hakuchaguliwa kwenda sekondari. Aliondoka Bariadi na bendi ya vijana, akapotelea Dar es Salaam, na tuliposikia habari zake tena alikuwa ofisi moja ya serikali, akitunga muziki wa filamu: ya kuchimba vyoo, ya kisomo cha watu wazima, ya kuhamia vijiji vya ujamaa. Televisheni ilipoanza Visiwani, alitunga na muziki mfupi wa kutangulia habari. Jina lake halikuandikwa popote. Kwetu hakuna aliyekuwa amewahi kuiona televisheni, na bado waliisifu.

Mimi nilikuwa msichana wa kwanza wa kijiji chetu kufika chuo kikuu. Niliporudi, akina mama walinisimamisha kisimani wakinisalimu kwa Kisukuma.

"Mwangaluka, mayu! Wewe si mdogo wake mwenye sinema?"

Nilikuwa nasoma uchumi. Hakuna aliyeuliza. Hata baba, ambaye kabla ya kubatizwa alikuwa ningi, yaani mtunzi na kiongozi wa ngoma, aliketi na kaka mpaka ugali ukapoa, wakigonga meza kwa vidole na kubishana kwa mluzi. Mimi niliwashikia maji ya kunawa. Wivu ulinichoma kama mwiba wa sato.

Likizo hiyohiyo gari la sinema likaleta filamu ya pamba kijijini kwetu, upande wa Nkoma, na kaka alikuja nalo. Giza lilipoanza tu, shuka jeupe likatundikwa na watu wakajaa uwanjani. Mzee mmoja akamzungukia fundi wa mashine.

"Dawa ya kuvutia watu mmeificha wapi? Chini ya gurudumu?"

"Dawa yangu ni dizeli, mzee."

Filamu ikaanza. Jembe likapanda, likashuka, na chini yake zeze, kisha tarumbeta. Ulikuwa muziki mzuri. Niliuchunguza nikitafuta kasoro, sikuipata, nikazidi kukasirika.

Ndipo ngoma ikalia upande wa pili wa uwanja. Kundi la wacheza ngoma kutoka kijiji jirani lilikuwa limejipanga na njuga miguuni, likaanza kuimba kana kwamba sisi hatupo. Nilijua maana yake, kila mtoto wa kwetu anajua: watunzi wawili wakishindana hawapokezani zamu. Huimba kwa wakati mmoja, huyu huku na huyu kule, na mshindi ni yule ambaye watu wamemwendea.

"Jamani, waambieni wanyamaze!" fundi alipiga kelele. "Hii ni kazi ya serikali!"

"Waongezee sauti na wewe!" mtu akamjibu, watu wakacheka.

Watoto wakatoka kwanza, kisha vijana. Wengine wakaenda, wakarudi, wakaenda tena. Mimi nilikuwa nikiomba moyoni shuka libaki na mbuzi tu. Nilimtazama baba. Akikaa, kaka ameshinda nyumbani kwetu daima. Wacheza ngoma walipoanza wimbo wa kuvuna, baba alisimama, akabeba kigoda chake, akavuka uwanja taratibu mbele ya watu wote, akakiweka mbele ya ngoma.

Niliona raha ambayo chuo kikuu hakikuwahi kunipa. Nikamsogelea kaka.

"Umemwona baba?"

"Nimemwona." Alikuwa anacheka, macho yamejaa machozi. "Umeona watu walivyogawanyika, dada? Nusu kwa nusu!"

Nikajua anaficha aibu. Nilirudi Dar es Salaam na ushindi huo, nikautunza miaka mingi.

Baba alikuwa amekwisha kufa, na mimi nina watoto wakubwa, mpiga ngoma mmoja wa kundi lile aliponieleza kwamba hawakujileta. Baba alikwenda kwao kwa miguu kuwaomba waje kumpinga mwanawe, kwa sababu kwa watu wa ngoma, mtunzi ambaye ningi mkubwa hajamtafutia mpinzani bado hajahesabiwa kuwa mtunzi.