Chupa Mbili kwenye Friza ya Samaki

Nilifika pwani nikiwa sijui kuogelea. Kwetu Kisaka maji makubwa niliyoyajua ni lambo la kunyweshea ng'ombe, na ndugu zangu walicheka sana waliposikia chuo kikuu kimenipeleka kusoma mambo ya bahari. Kituo chetu cha utafiti kilikuwa ufukweni kabisa: majengo mawili meupe yaliyoliwa na chumvi, gati fupi, na maabara iliyonuka samaki na spiriti. Humo nilikaa miaka mitatu nikipima zebaki kwenye nyama ya samaki.

Mtu mmoja tu hakucheka, kaka yangu. Miaka hiyo dhahabu ilikuwa imewapagawisha watu wa kwetu. Wengi waliacha mifugo wakakimbilia machimbo ya Tarime, na yeye alikuwa mmoja wao. Alipanga nyumba Turwa, huko huko Tarime, na mke wake, na kila likizo nilifikia kwao kabla ya kwenda kwa wazazi.

Likizo moja nilimkuta jikoni, ameinamia kikaango juu ya jiko la mkaa. Ndani yake kulikuwa na kidonge cheupe kinachong'aa, kama punje ya mahindi. Nilijua ni nini. Wachimbaji huchanganya mchanga wao na zebaki, zebaki inakamata dhahabu, halafu wanachoma ili zebaki itoke kama moshi na dhahabu ibaki. Wifi yangu alikuwa pale pale kwenye kigoda, anachambua mboga.

"Kaka, huo moshi ni sumu. Tokeni nje."

"Nikichomea nje kila mtu atajua nimepata," alijibu bila kuinua kichwa. "Unataka nivamiwe?"

"Basi wifi atoke."

"Mbona harufu hatusikii?" wifi akauliza.

"Haina harufu. Ndiyo ubaya wake."

Kaka akanitazama, safari hii vizuri. "Unaweza kupima kama imeingia mwilini?"

Nikasema naweza, kwa mkojo. Alicheka mpaka akashika ukuta. Eti ampe mdogo wake wa kike mkojo, usafiri naye kwenye basi hadi baharini! Lakini asubuhi ya kuondoka kwangu chupa mbili zilikuwa tayari, zimefungwa kwenye gazeti. Wifi ndiye aliyenisindikiza stendi. Tukiwa njiani aliniambia kwa sauti ya chini, "Majibu yakitoka niambie mimi kwanza. Nataka kuzaa."

"Mwezi mmoja tu, wifi," nikamwambia.

Chupa zilifika salama kwenye barafu, nikaziweka kwenye friza ya maabara, chini ya mifuko ya samaki. Msimamizi wangu, mama mkali lakini mwenye roho nzuri, aliposikia habari zake alitikisa kichwa. "Vipimo vya watu vina kibali chake. Andika barua ya maombi, mimi nitaisukuma."

Barua yenyewe ingekuwa ya ukurasa mmoja. Sikuiandika. Nimejiuliza mara nyingi kwa nini, na sijapata sababu inayonitosha. Mashine ilikuwa moja, wanafunzi tulikuwa wengi, na zamu yangu ilipofika nilikuwa na samaki wa kumaliza. Hiyo ni kweli. Kweli pia ni kwamba pale kituoni nilikuwa nimezoea kuitwa mtaalamu wa samaki, na sikupenda wajue kwamba kwetu tunachomea zebaki jikoni.

Kaka alipiga simu baada ya mwezi. "Vipi majibu yetu?"

"Bado, kaka. Mashine ina foleni."

Siku hiyo foleni ilikuwepo. Alipopiga tena, haikuwepo, na nilijibu vile vile. Mara ya tatu alipiga wifi. Alinisalimia, akauliza habari za masomo, akaniambia ana mimba. Nikampongeza. Hakuuliza habari ya chupa, na mimi sikuitaja. Nilijiambia wiki ijayo.

Aliyezikuta ni fundi wa maabara, mzee wa makamo ya baba yangu, alipokuwa akisafisha friza. Aliniita. "Hizi ni za nani?"

"Za kaka yangu na mke wake. Ni wachimbaji."

"Zimekaa humu tangu lini?"

Nikamwambia. Hakunigombeza. Alikwenda mwenyewe kwa msimamizi, barua ikaandikwa siku hiyo hiyo, na kibali kilipokuja alizipima kabla ya kitu kingine chochote. Namba ya kwanza, ya kaka, ilikuwa kubwa mno hata akadhani mashine imekosea, akarudia. Ikatoka ile ile. Ya wifi ilikuwa chini kidogo tu. Wakati huo kazi yangu ya samaki nilikuwa nimeshaimaliza, na karibu wote walikuwa safi.

Nilipiga simu Turwa papo hapo. Kaka alinisikiliza hadi mwisho, kisha akasema mimba iliharibika wiki mbili zilizopita. Walikuwa hawajapata namna ya kuniambia.

Nilipanda basi kesho yake. Nilimkuta kaka amekaa sebuleni anajaribu kufunga kamba za viatu, na vidole vinamtetemeka. Wenzake wa shimoni walikuwa wanasema amekuwa mlevi, yeye ambaye hajawahi kuonja pombe. Nikampa karatasi. Aliiweka mapajani ili isitikisike, akaisoma.

"Hii ungeweza kuijua lini?"

Nilifikiria kusema uongo. "Mwezi ule ule wa kwanza, kaka."

Akaikunja karatasi. "Tungehama," akasema. Basi.

Daktari alituambia mimba huharibika kwa mambo mengi, na hawezi kusema hii ilitokana na nini. Alisema hivyo kwa wema. Kaka aliacha machimbo, wakarudi Kisaka kwenye ng'ombe. Mikono imetulia kiasi, ingawa kukamua bado hawezi. Mimi nilipata shahada yangu. Nimefundisha wanawake wa mialoni, kule wanakooshea mchanga wa dhahabu, wachomee kwenye chombo kilichofungwa, mbali na watoto. Wengine wananisikiliza.

Nikienda Kisaka, kaka hunipokea kama zamani, tunaongea habari za mvua na malisho. Wifi hunisalimia vizuri, ananiuliza safari, ananipikia ugali na kuku, ananinawisha mikono. Zamani tulikula pamoja; sasa akishatenga chakula anachukua kigoda chake, anakwenda kukaa nje mpaka nimalize.