Jani la Isale Mahakamani

Nichekeni, lakini nikishamaliza, maana hadi leo nikipita karibu na ile mahakama pale Moshi mjini najifunika kitenge usoni kama mwizi wa kuku.

Mimi ni mjumbe (haya, nilikuwa mjumbe) wa chama chetu cha kahawa huku Marangu, na chama kina hisa kwenye benki ya ushirika, kwa hiyo kila mkutano mkuu tulikuwa tunashuka wawili kwenda kupiga kura, mimi na shemeji yangu Elinami. Siku ya kuchagua mwenyekiti wa bodi, Elinami akanipigia simu, ng'ombe wake amekwama kuzaa. "Shemeji, nisainie tu, nakuja." Nikamsainia kwenye daftari la mahudhurio. Mstari mmoja tu, jamani! Karani kuona majina mawili yamesainiwa akanikabidhi karatasi mbili za kura, nami (shetani hana likizo) badala ya kurudisha moja nikazipiga zote. Elinami hakutokea, na mtu wetu akashinda kwa kura moja.

Aliyeshindwa ni Mzee Anaeli, jirani yetu wa ng'ambo ya mfereji, mzee wa kanisa, na ndiye aliyesimamia ndoa yangu. Akalalamika kwa mrajisi wa vyama vya ushirika, akagonga mwamba, akaenda mahakamani. Hati ya wito ilipofika ina jina langu, naitwa kuwa shahidi, nikakaa chini hapohapo mgombani. Mume wangu akaisoma, akanywa chai yake, akasema, "Kughushi saini ni jela, mama Aika."

Nikakumbuka isale, ule mmea wa majani marefu tunaoupanda mipakani. Huku kwetu ukimkosea mtu unampelekea jani la isale, na akishaletewa hawezi kukunyima msamaha, hata kama umemuulia ng'ombe. Nikakata moja pale mpakani, nikalifunga fundo. Kwa Mzee Anaeli ni kuvuka mfereji tu, lakini niliogopa macho yake, nikasema nitampa kesho, kesho ikawa keshokutwa, mwisho nikalitia mkobani siku yenyewe ya kesi, nikipanga nimvizie kwenye korido kabla hatujaitwa. Naye akachelewa! Alifika na wakili wake tukiwa tunaingia ndani.

Nikaapa kwa Biblia. Wakili wa Mzee Anaeli, kijana wa Mkuu kule Rombo, mpole sana (hao wapole ndio wa kuogopa), akaniletea daftari la mahudhurio. "Mama, saini hii ya kwanza ni yako?" Nikasema ndiyo. "Na hii ya pili inayofanana nayo, ni ya nani?"

Nilitaka kusema sijui, wallahi (na mimi Mlutheri!) nilitaka kudanganya, ila nikainua macho nikamwona Mzee Anaeli ananitazama, bila hasira, na hofu ikanipanda kichwani. Sijui niliteremka kizimbani vipi. Nilijikuta nimepiga magoti mbele yake, jani mkononi, nalia, "Shikamoo mzee, nisamehe."

Karani wa mahakama, ambaye si mtu wa huku, akasogea ukutani akidhani ni uchawi. Wachagga wote mle ndani walishaelewa, maana hakuna anayepeleka isale kwa kosa asilolifanya. Mzee Anaeli akasimama, akalipokea kwa mikono miwili.

"Shahidi, rudi kizimbani! Hilo jani ni la nini?" hakimu akafoka. Kijana wa Mkuu akamweleza taratibu, kisha akaongeza, "Mheshimiwa, tunaomba lipokelewe kama kielelezo."

Hakimu akanigeukia. "Kwa hiyo unakiri?"

"Nakiri, mheshimiwa."

Uchaguzi ukafutwa, na hakimu akaagiza suala la saini lipelekwe polisi. Nilikaa kwenye benchi la nje nikisubiri pingu, kila askari aliyepita nikidhani ndiye. Aliyekuja ni Mzee Anaeli. Akaketi karibu yangu.

"Mwanangu, ungevuka mfereji tu," akasema. "Ningelipokea, mimi na wewe tungekwenda kwa mrajisi, yakaishia huko."

"Lakini umenisamehe, mzee?"

"Mimi nimekusamehe pale pale. Sasa subiri serikali. Yenyewe haina isale."

Nimehojiwa polisi mara moja, wakasema wataniita tena, hawajaniita. Simsainii mtu tena, hata daftari la kwaya, hata mama yangu mzazi akiniomba. Na simu isiyo na jina ikiita, mume wangu ndiye anayepokea, mimi nikiwa nimesimama mlangoni na viatu miguuni.